Mama Phébé Hashuki kwenye Baiskeli

Mtaje Mama Phébé mbele ya mtu yeyote wa mji wetu wa Kamina. Kwanza atacheka, kisha atashusha sauti. Wengine watakuambia Amerika ilimharibu kichwa. Waongo hao. Kichwa cha mama huyu kilikuwa kigumu tangu zamani, alipokuwa akinyamazisha darasa zima kwa kukohoa tu. Amerika ilimfundisha kupanda baiskeli, basi.

Mambo yalianza kwa uzazi. Binti yake Lise, anayeishi Chicago, alijifungua mtoto wa kwanza, na kwetu binti hazai bila mama yake kuwapo, amkande kwa maji ya moto na kumpikia uji. Mama Phébé akapanda ndege na samaki wakavu wa Kinkondja aliowaficha katikati ya vitenge. Alitazamia kukuta gari kwa binti yake. Gari hakuliona. Lise alikuwa na baiskeli yenye sanduku kubwa mbele, na mtoto alipokaza shingo, humo ndani ndimo alimomfunga mikanda na kwenda naye mjini.

“Lise, ulikuja mpaka huku juu ya kuendesha kinga?” mama akang'aka, maana kinga ndilo jina la baiskeli kwetu. “Ile picha usitume Kamina. Bantu ba kule batasema umekuwa masikini.”

Lise akacheka, akamweleza kwamba katika mji ule barabara ilikuwa na ugomvi wake. Wenye magari waliiona kama mali ya baba yao, na wenye baiskeli walikuwa wamechoka kusukumwa pembeni. Mama hakutaka kusikia. Kwake baiskeli ilikuwa ya mwanaume aliyepakia magunia ya makaa, si ya binti aliyesomeshwa kwa jasho.

Siku moja, wakienda sokoni kwa miguu, aliona kwenye kona baiskeli iliyopakwa rangi nyeupe yote, hata matairi na mnyororo, imefungwa kwenye nguzo. Mtu wa Kamina akiona baiskeli haina mwenyewe, anajua Mungu amemkumbuka. Mama Phébé akaikamata usukani, akaanza kuvuta.

“Lise, saidia! Tutasugua ile rangi, tutauza!”

“Mama, acha! Hii iko ya marehemu!”

Lise akamweleza. Muuguzi mmoja aligongwa na lori pale, akitoka kazini kwa baiskeli, akafa. Rafiki zake waliweka ile nyeupe ili kila dereva apitaye aione. Mama akauachia usukani. Alikuwa akipora msiba wa watu mchana kweupe! Na mwanamke wa Kiluba hapiti msibani kimya. Akaketi ukingoni mwa barabara, akafungua kitambaa cha kichwa, akamlilia yule muuguzi kwa sauti kubwa, kwa Kiluba, akimwita mwana wa mama yake. Lise alitamani ardhi immeze. Lakini wapita njia wenye baiskeli walianza kusimama mmoja mmoja, na mzee mmoja mwenye ndevu akavua kofia, akaketi kando yake.

Kilio kilipoisha, kilichobaki ni hasira. “Banamuua, halafu banapita tu?” akasema. “Unifundishe ile kinga.”

Alijifunzia bustanini, akaanguka mpaka magoti yakachubuka, akainuka akitukana. Jioni moja ya Ijumaa akatoka na Lise katikati ya mamia ya watu wa baiskeli waliokuja kudai njia yao, weusi kwa weupe, vijana na wazee, wameijaza barabara yote huku magari yakipiga honi nyuma yao. Dereva mmoja akatoa kichwa dirishani akamfokea. Mama Phébé akamgeukia: “Hii barabara ni baba yako njo alichimba?” Yule bwana hakuelewa hata neno moja, lakini alifunga dirisha.

Aliporudi Kamina, alinunua baiskeli. Hapo ndipo moto ulipowaka.

Alikwenda nayo shuleni alikofundisha, kitenge juu ya suruali, mgongo umenyooka. Pale stesheni ya treni wanaume walipiga miluzi. Hayo hayakumuumiza. Kilichomuumiza kilitoka kanisani. Mama Phébé alikuwa prezida wa wamama wa kanisa lao dogo la mtaani, na prezida huvaa kitambaa cheupe ambacho wamama wenyewe humfunga kichwani siku ya kumsimika. Kwa desturi yao, aliyefungwa na wamama hufunguliwa na wamama tu, na akifunguliwa mbele ya kanisa amevuliwa cheo. Kitambaa kile alikipenda kuliko diploma yake. Mumewe alikuwa amekufa, watoto wako mbali. Wamama wale ndio waliokuwa ndugu zake.

Papa Kisimba, mkubwa wa baraza la kanisa, akamwita.

“Mama prezida, tunakuheshimia. Lakini mwanamuke kupanua miguu juu ya kinga, ile iko haya. Chagula: kinga ao kitambala.”

“Muke yako Ndaya iko anakaa nyuma ya kinga yako, mutoto ku mugongo. Ile haiko haya?”

“Miye njo niko naendesha!”

“Aa, njo vile. Basi haya haiko mu kinga. Iko mu kuendesha.”

Papa Kisimba akavimba mashavu. “Siku ya Mungu, mu kanisa, utaona.”

Tusidanganyane, mama aliogopa. Jumapili asubuhi alivaa sare yake, akafunga kitambaa, akaiegemeza baiskeli ukutani na kuanza kutembea. Hakufika mbali. Akarudi, akaichukua, akapanda.

Ibada ilipofika katikati, Papa Kisimba akasimama na kuwaita wamama waje wamfungue prezida wao. Hakuna aliyeinuka. Akaita tena. Kisha akamwita mkewe kwa jina, na Mama Ndaya angefanya nini? Akaja mbele, akafungua fundo.

“Unisamehe, mama,” akanong'ona.

Nywele za Mama Phébé zikabaki wazi, mvi zote nje, mbele ya watu waliozoea kumwinamia. Iliuma, wee! Machozi yalimtoka, wala hakuyafuta. Wengi walidhani atakwenda nyumbani. Akaenda kuketi benchi la mwisho, na wimbo ulipoanza akauimba kwa sauti kuliko wote, hadi ubeti wa mwisho.

Baada ya ibada watu hawakutawanyika. Walisimama langoni wamwone akiisukuma baiskeli yake kwa aibu. Mama Phébé akainua mguu. Papa Kisimba akamzibia njia.

“Unapanda tena? Mbele ya bantu bote?”

Mama akamtazama usoni. “Papa Kisimba, mulikuwa na kintu moja tu ya kunikamatia. Leo mumeitoa ku kichwa yangu. Sasa mutanishusha na nini? Toka mu njia.”

Kicheko kikamtoka mtu. Alikuwa Mama Ndaya, kitambaa kile bado mkononi mwake, na safari hii hakuomba msamaha. Wamama wengine wakakipokea kicheko, na Papa Kisimba akasogea pembeni.