Mechi Tatu na Glavu Moja

Mimi nilijifunza kurusha kwa kuamia ndege. Aliyekulia kwenye mpunga anaijua kazi hiyo: unapanda dungu asubuhi, unakaa na rundo la mabonge ya udongo, na kwelea wakishuka unawavurumishia. Hakuna kupumzisha mkono, kwa sababu ndege hawana adabu ya kusubiri. Jioni mama akipita kukagua masuke, unajua mwenyewe kitakachofuata.

Sikudhani ujuzi huo ungenifaa Stockholm. Nilipelekwa huko mwishoni mwa miaka ya sitini kujifunza ufundi wa mitambo, nikapanga chumba Tumba, kitongoji cha mji huo, kwa bibi mmoja mjane ambaye hakuchoka kunifundisha kupangusa viatu. Siku za kazi nilikuwa karakanani. Jumapili Watanzania wenzangu walikuwa na timu yao ya mpira, lakini miguu yangu ni mibovu kwa mpira, na walinieleza hivyo bila kunionea haya. Basi nilipanda treni nikaenda kuzurura mjini.

Jumapili moja nikawakuta watu wenye magongo kwenye uwanda wa Gärdet. Mpira wao mdogo mgumu ukabiringika hadi miguuni pangu. Niliuokota, nikamrushia jamaa aliyekuwa amechuchumaa na kinyago cha chuma usoni. Aliudaka, akavua glavu, akakung'uta mkono wake kama aliyeshika sufuria ya moto. Akaniuliza kwa Kiingereza nimechezea timu gani.

"Timu ya mpunga," nikamwambia.

Huyo ndiye aliyekuja kuwa rafiki yangu. Alikuwa Mmarekani mweusi wa umri wangu, amelikimbia jeshi lililotaka kumrudisha vitani Vietnam, na sasa anafua mashuka hospitalini. Nusu ya timu yao walikuwa wakimbizi wa jeshi kama yeye, nusu Waswidi walioupenda mchezo bila sababu ya kueleweka. Yeye alikuwa nahodha na mdakaji, yaani ndiye anayechuchumaa nyuma ya mpigaji na kupokea anachorusha mrushaji. Mrushaji nikawa mimi. Nilimwita ndugu, kama tulivyokuwa tukiitana nyumbani siku zile, na neno hilo lilimpendeza sana.

Alikuwa na tabia moja tu ya ajabu: hakurusha. Mpira ulioingia kwenye glavu yake alinirudishia polepole, kama mtu anayekukabidhi yai. Katika besiboli mkimbiaji anaweza kuiba kituo, yaani kukimbilia kituo cha mbele mpira ukiwa hewani, na kazi ya mdakaji ni kuufyatua upesi amwahi. Yeye aliubembeleza. Wapinzani wakatuibia mchana kweupe. Tulimtania, tukimuuliza huo mkono anamtunzia nani. Alicheka pamoja nasi, na wiki iliyofuata tukaibiwa tena.

Majira ya vuli yalipofika na uwanja kulowa, tulihamia kwenye redio. Alikuja chumbani kwangu Tumba, tukatafuta stesheni ya jeshi la Marekani iliyokuwa Ujerumani, maana mchana wa kwao ulikuwa jioni yetu. Nilimwambia ana uso mkavu, kulikimbia jeshi halafu kusikiliza redio yake.

"Jeshi nimelikimbia," alisema. "Besiboli sijaikimbia."

Bibi mwenye nyumba alituletea kahawa na vitumbua vyao vya mdalasini, akakaa na ufumaji wake, akisikiliza kwa makini asichokielewa.

Kilichonishinda mimi ni kwamba mechi ilikwisha, mmoja akashinda, kisha kesho yake watu wale wale wakaanza upya. Nyumbani fainali ni moja. Unashinda unabeba kombe, unafungwa unaondoka huku umeinamisha kichwa. Nikamuuliza, hawa wenzake hawajui kumaliza jambo?

Akanieleza akipanga vikombe mezani. Mechi ikiwa moja, alisema, unamleta mrushaji wako bora, unamtumia mpaka bega lilie, na wale dhaifu unawaficha. Wakicheza tano, wa kwanza kushinda tatu ndiye anayepita. Hapo warushaji wawili wazuri wanaweza kukubeba, na timu ya kawaida iliyoshikwa na moto wiki hiyo inaweza kuitoa timu iliyotawala kiangazi kizima. Wakicheza saba, anayetakiwa ni mwenye kushinda nne, na hapo hakuna tena pa kujificha. Mrushaji bora lazima apumzike siku kadhaa, kwa hiyo utake usitake utamwita yule wa mwisho uliyemweka benchi tangu mwanzo. Mpigaji naye amekwisha kuuona mpira wako mara nyingi, anaujua kama anavyojua kikohozi cha jirani. Inabidi uwe na kitu kingine cha kumwonyesha.

"Lakini kubwa kuliko yote," alisema, "unaruhusiwa kufungwa leo. Unakwenda kulala, unaamka, na bado umo."

Nilimwambia huko ni kuwabembeleza wanaofungwa. Akatabasamu, akavirudisha vikombe mahali pake.

Kiangazi kilichofuata timu yetu ikaingia fainali, na wapinzani walikuwa wa mji mmoja wa mbali kaskazini. Miaka yote fainali ilikuwa mechi moja. Mara hii waandaaji wakaona si haki watu wasafiri mwendo wote ule kwa alasiri moja, wakaamua ziwe tatu na mshindi ni wa mbili: ya kwanza Jumamosi, ya pili Jumapili, na ya tatu hiyo hiyo Jumapili ikilazimu. Sote tulifurahi isipokuwa nahodha. Wenzetu walikuwa na warushaji watatu. Sisi tulikuwa na mimi.

Na wiki hiyo hiyo baba yake akaja kutoka Marekani.

Ndugu yangu aliniomba twende pamoja kumpokea, na njiani ndipo aliponiambia mambo yalivyo. Baba alikuwa amepigana vita iliyotangulia hii ya Vietnam. Siku aliposikia mwanawe ametoroka jeshi, aliwatangazia watu kanisani kwamba hana mtoto wa kiume. Mama ndiye aliyemsihi asafiri, angalau amwone kwa macho. Yeye mtoto hakuweza kwenda kwao, angefungwa. Kwa hiyo kama baba angeondoka Jumatatu na moyo ule ule, ndiyo ingekuwa basi.

Alikuwa mzee mrefu mwenye kofia, aliyesimama kama amemeza fimbo. Mdomo wangu ukamwamkia wenyewe, shikamoo, na mwanawe akamtafsiria.

"Unajibu nini mtu akikusalimu hivyo?" mzee aliniuliza.

"Marahaba."

Alitikisa kichwa tu, asiitamke.

Jioni hiyo tulikunywa kahawa kwangu. Mzee alizungumza na bibi mwenye nyumba, akazungumza nami kuhusu mitambo, na kwa mwanawe akawa na swali moja.

"Bado unarusha?"

"Nadaka."

Mzee akatazama kikombe chake. "Nilikufundisha kurusha," alisema. Kisha akaongeza, mbele yetu sote, kwamba amekuja mara moja ili mama alale usingizi, amekwisha kumwona, na hatakuja tena. Nilimchukia. Nasema wazi, nilimchukia mzee wa watu ndani ya chumba changu, kwa kuvuka bahari yote ile na kuja kukunja mikono.

Nilipomsindikiza rafiki yangu stesheni, baba akiwa ametangulia mbele, nilimuuliza kwa nini hasa harushi.

"Jeshini waliona ninavyorusha," alisema. "Wakafurahi sana. Wakanipa mabomu ya mkono."

"Na mzee anajua?"

"Hajauliza."

Jumamosi nilirusha. Tulipata pointi mapema, tukawaacha mbali, na nahodha akaja mara mbili kuniambia nipunguze nguvu, niweke akiba ya kesho. Nilimwitikia kwa heshima na kuendelea kuvurumisha. Nani alinifundisha akiba? Mwilini mwangu fainali ilikuwa moja, na wale wa kaskazini walikuwa kwelea. Tulishinda vizuri mno. Watanzania wenzangu, waliokuja kucheka mchezo wa watu waliosimama, waliishia kuimba. Mzee alikaa mwisho wa benchi na kofia magotini, wala hakupiga kofi.

Jumapili asubuhi sikuweza kuinua mkono kufunga vifungo vya shati. Bibi mwenye nyumba alinifungia, akinisema kwa Kiswidi kama mtoto. Kwenye mechi ya pili nilirusha vitu laini, wale jamaa wakavipokea kwa shukrani, wakavipeleka walikotaka. Kwao kila mrushaji akichoka aliingia mwingine mpya. Tulifungwa, ikawa ushindi mmoja kila upande, na tukapewa mapumziko mafupi kabla ya ile ya kuamua.

Mimi nilikuwa nimekaa kwenye majani nikifungwa kitambaa begani. Ndugu yangu akaja, akanivua glavu yangu, akaniwekea yake mapajani pamoja na kinyago.

"Wewe utadaka," alisema. "Mkono wa kushoto bado mzima."

Akaenda akasimama peke yake mahali pa mrushaji, na mpira mkononi, bila mtu wa kumdakia apashe mkono moto. Sikuwahi kumwonea mtu huruma kama nilivyomwonea yeye pale, na bado sikuweza hata kuvaa glavu upesi niende.

Mzee akasimama. Alikuja taratibu, akaweka kofia yake kwenye majani, akaichukua glavu mapajani pangu bila kuniomba. Akaenda mbele ya mwanawe, akapandisha kidogo ile suruali yake nzuri ya safari, akachuchumaa. Magoti yalilia nikayasikia. Akafungua glavu.

Wa kwanza ulikuja laini, yai. Mzee akaurudisha kwa nguvu zaidi kuliko ulivyokuja. Wa pili ukaja vile vile.

"Sikusafiri kwa hilo," mzee alisema.

"Walinipa mabomu ya mkono," mwanawe akasema. Hakupaza sauti, lakini mimi nilikuwa karibu. "Kwa sababu ya ulivyonifundisha. Walisema mkono huu ni zawadi."

Mzee aliufumba mpira ndani ya glavu.

"Hukuniambia."

"Hukuniuliza."

Nilidhani mzee atasimama aondoke. Badala yake aliutoa mpira, akaupangusa kwenye suruali yake, akamrudishia polepole, safari hii yeye ndiye kama anakabidhi yai.

"Huu ni mpira tu," alisema. "Rusha."

Uliofuata uliingia kwenye glavu kwa kishindo hata watu wa kaskazini wakageuza shingo. Wakaendelea hivyo, mmoja anarusha, mmoja anadaka, na neno moja moja katikati: kiwiko, chini kidogo, tena. Hapo nilimsamehe mzee, ingawa hakuna aliyekuwa ameniomba.

Mechi ya tatu tulifungwa kwa pointi moja. Rafiki yangu alirusha vizuri ajabu mwanzoni, lakini mkono uliolala miaka haukuweza kwenda hadi mwisho. Mdakaji wake pia alikuwa mimi, mwenye bega bovu, na waliniibia vituo kiasi kwamba niliapa sitamtania mtu tena. Jioni baba na mwana wakaagana uwanjani kwa kupeana mikono. Mimi nilingoja wakumbatiane. Hawakukumbatiana, na Jumatatu mzee akapanda ndege.

Siku ile ile rafiki yangu alikuwa akipanga vifaa vya timu, akaona glavu ya mdakaji haipo. Alikuja Tumba amefura. Glavu ile isingepatikana Stockholm yote, alisema, na baada ya mechi ya tatu wa mwisho kuishika alikuwa baba yake.

"Kuniaga kwenyewe hakuniaga sawasawa," alisema. "Kaondoka na glavu ya watu."

Nikaanza kucheka, akazidi kukasirika. Nikamkalisha. Nikamwambia kwetu jirani akikuletea chakula, sahani yake haioshwi ikarudishwa saa ile ile, kama mtu anayetaka kumaliza uhusiano. Sahani inakaa. Na ikirudi, hairudi tupu. Mwenye kukaa na sahani yako bado ana neno na wewe.

"Kwetu huo unaitwa wizi," alisema.

"Subiri."

Alisubiri kwa kununa. Theluji ikaja, redio ikarudi mezani, na bibi mwenye nyumba sasa alikuwa na timu anayoishangilia.

Mwezi wa tano, uwanja ukiwa bado na matope, mzee mwenye kofia alivuka Gärdet akija kwetu na begi mkononi. Nilimwamkia.

"Marahaba," alisema, bila kukumbushwa.

Akafungua begi, akampa mwanawe glavu. Ilikuwa imepakwa mafuta, na kamba zake zote zimebadilishwa. Rafiki yangu aliingiza mkono, akasita, akatoa kitu kilichokuwa ndani. Ulikuwa mpira mkuukuu, ngozi imekuwa rangi ya chai, mishono imeachia. Aliugeuza geuza. Aliniambia baadaye kwamba ndio waliorushiana nyuma ya kanisa akiwa hajaanza hata shule, na kwamba alidhani ulitupwa pamoja na vitu vyake vingine.

"Safari hii mnacheza mechi ngapi?" mzee akauliza.

"Saba," alisema mwanawe, ingawa mwezi ule hapakuwa na mashindano yoyote.

Mzee akavua kofia, akaiweka kwenye majani.