Nilikuta Jina Langu Kwenye Daftari la Mahabusu

Nilikwenda kituo cha polisi kuripoti kupotea kwa kitambulisho, nikakuta nimeshakamatwa.

Msicheke. Majina yangu yote matatu yalikuwa kwenye daftari la mahabusu, kwamba nimefikishwa kituoni saa nne na nusu asubuhi. Saa ya ukutani ilikuwa saa nne na dakika tano.

Ngoja niwarudishe nyuma kidogo mnielewe.

Nilikuwa askari miaka kumi na minne, mingi nimeimalizia kaunta, kwenye kituo hichohicho. Kazi yangu ilikuwa daftari: nani kaletwa, saa ngapi, na nani, ana jeraha gani.

Siku moja akaletwa fundi viatu, akapitishwa mlango wa nyuma. Nikashika kalamu. Mkuu wa kituo akaniambia, "Huyo usimwandike."

Sikumwandika. Jamani, sikumwandika.

Mkewe alipokuja kumuulizia, fundi viatu alishakufa mikononi mwetu na mwili haupo. Mkuu akamfungulia daftari. "Mama, unaliona jina la mumeo hapa?" Yule mama akalipitia mstari kwa mstari na kidole, kisha akaondoka.

Kidole kile kilinitesa miezi mitatu. Mwisho nikaenda mbele ya tume ya haki za binadamu, nikamwaga mtama wote.

Mkuu alipewa onyo. Mimi nikapewa barua ya kufukuzwa kazi.

Tangu hapo naandika vibao vya maduka, angalau mwandiko wangu haukufukuzwa. Wenzangu wa zamani wakiniona wanavuka barabara. Shemeji yangu aliacha kuja kwetu, eti ana watoto.

Mwaka huu tume ikafufua faili la fundi viatu. Shahidi aliyeona ni mmoja tu, mimi. Wiki hiyohiyo gari lisilo na namba likaanza kuegeshwa mbele ya kibanda changu cha kazi.

Sasa, kitambulisho. Bila karatasi ya polisi hupati kingine, na kituo changu ni kile. Asubuhi hiyo nikampigia binti mmoja wa kaunta, niliyemfundisha kazi mwenyewe. Huniita Mwalimu mpaka leo.

"Uko zamu?"

"Niko zamu. Njoo saa nne, Mwalimu. Njoo moja kwa moja, usipitie kazini kwako."

Nilipofika hakunichangamkia. Macho yake yalikuwa kwenye mlango wa ofisi ya mkuu, uliokuwa wazi.

"Kaa kwenye benchi," akasema kwa sauti kubwa. "Usitoke hapa." Akaingia ndani.

Daftari lilibaki wazi juu ya kaunta, nikalisogelea; askari wa kaunta anajua kusoma daftari lililogeuzwa. Ndipo nikayaona majina yangu. Mbele yake: *Mzima, hana jeraha. Mke amejulishwa kwa simu.*

Mwandiko wa yule binti.

Nikajisemea, hawa wamejifunza. Safari hii wanaandika kwanza, mtu anafuata. Nikaupiga picha ule ukurasa, nikatoka kama mtu anayekwenda kununua vocha, kisha nikakata kona mbio.

Nikampigia mke wangu.

"Baba, kuna dada kanipigia," akasema huku anahema. "Anasema uko kituoni, nije na wakili haraka."

"Ni mtego! Chukua watoto, toka hapo nyumbani."

Picha nikaituma kwa mwandishi wa habari aliyeandika habari zangu wakati wa tume. Mchana huohuo ilikuwa kila mahali: *Polisi waandika mtu kabla hawajamkamata.* Wakubwa wakaja kituoni, daftari likachukuliwa, yule binti akatiwa pingu kwa kughushi. Watu wakanipongeza. Nami nikavimba kichwa, siwafichi.

Kilichonishtua ni jirani yangu wa kibandani, fundi wa kuchomelea. Aliniambia siku ile wanaume wanne walinisubiri pale kibandani tangu saa mbili asubuhi. Walikuwa na kamba na gunia. Habari ilipotoka, wakaondoka.

Nikakaa na hilo siku mbili. Halafu nikaenda mahabusu kumwona binti.

Alikuwa amekonda. Alinitazama kupitia nondo bila hasira, na hilo ndilo lililoniumiza.

"Mwalimu, nilimsikia mkuu alfajiri akituma watu," akasema. "Aliwaambia, mchukueni kazini kwake, msimlete hapa, msimwandike."

Nikashika nondo.

"Nikaona nikutangulize kwenye daftari. Ukishaandikwa mzima, na mkeo anajua, na wakili yuko njiani, nani angekugusa? Ungelala sero na watu ishirini wanaokuona. Nisingeweza kukunong'oneza, wala kukwambia kwenye simu, mkuu alikuwa hatua tatu."

"Kwa nini hukuwaambia wachunguzi?"

"Niliwaambia. Wanasema nina ushahidi gani? Agizo lilikuwa la mdomo. Ila mwandiko ni wangu, na picha ipo."

Picha yangu.

Nililia pale mbele ya askari wa zamu, mtu mzima na mvi zangu. Yeye ndiye aliyekuwa ananibembeleza.

Nimekwenda kwa wachunguzi mara tatu kueleza. Wananiandikia, wananishukuru, wananitoa. Mara ya tatu nilipishana na mkuu wa kituo mlangoni. Akanipa mkono, akatabasamu.

"Safari hii tumefanya kazi pamoja," akasema.

Jana nimeletewa hati ya kuitwa mahakamani. Kesi ya binti ni Jumatatu, na shahidi wa kwanza wa upande wa mashtaka ni mimi.

Nitasimama niseme yote niliyoyasikia kwake. Najua wataniuliza swali moja tu: picha hii uliipiga wewe? Nami nitajibu ndiyo, kwa sababu ni kweli.

Wewe unayesoma, kusema ukweli ni vizuri, sijajuta kwa ajili ya fundi viatu. Lakini kabla hujamtangaza mtu, mtafute, muulize kwanza. Mimi nilikuwa na namba yake kwenye simu, na sikumpigia.