Nyani Hawamwogopi Mtoto wa Kike

Nimesoma kwa sababu nyani walinidharau. Watu wakiniuliza nilifikaje kwenye ualimu huwajibu hivyo, nao hucheka, wakidhani ni mzaha wa mwalimu aliyechoka na chaki. Si mzaha.

Kwetu ni upande wa Kurui, Kisarawe. Tulibaki hai watoto wawili, mimi na kaka yangu, aliyenizidi miaka kama mitano. Baba alikuwa na matende. Mguu mmoja ulikuwa umevimba mpaka akawa anauburuta, na safari yake ya siku nzima ilikuwa kutoka kitandani hadi barazani. Kilimo kilikuwa cha mama. Tulikuwa na mahindi, muhogo, na mpunga kidogo bondeni, na nyumba yetu ilikuwa humo humo shambani. Nyani wakitokeza, baba alikohoa tu pale barazani, nao wakarudi msituni. Shule ndiyo ilikuwa mbali. Mvua za masika zikianza, hatukwenda kabisa.

Kisha likaja agizo la kuhamia kijijini. Tukabomoa nyumba, tukabeba miti na makuti, tukapewa kiwanja kwenye mstari ulionyooka. Mimi sina ugomvi na kijiji. Wengi wa rika langu wakikumbuka miaka ile huanza kulalamika, lakini kijiji kilituletea kisima, na zahanati iliyokuwa na dawa siku mojamoja, na shule ambayo kengele yake niliisikia nikiwa bado napiga mswaki. Ila shule ilisogea peke yake. Shamba lilibaki kule kule, mwendo wa zaidi ya saa nzima, na hapakuwa tena na mtu wa kukohoa barazani. Nyani walilijua hilo kabla sisi hatujamaliza kuezeka.

Anayelima karibu na msitu anaijua kazi ya kuamia. Unajenga dungu, kichanja kirefu cha miti chenye kipaa cha makuti, unakaa juu yake kutwa nzima ukiwa na debe bovu na rundo la mawe. Unapiga debe, unapiga kelele, unashuka kuwakimbiza, unapanda tena. Wenye uwezo waliajiri mtu. Wasio na uwezo walitoa mtoto, na ilikuwa lazima awe wa kiume, kwa sababu nyani hawamwogopi mwanamke. Mama alisema wanazitambua kanga. Baba alisema wanautambua mkono, kwamba wa mwanamume ukiinuka wanajua jiwe linakuja. Vyovyote iwavyo, nimeshuhudia mwenyewe: mwanamke akipiga kelele, dume la nyani linakaa chini na kumtazama kama mgeni anayengoja chai.

Basi kaka akaenda dunguni, mimi nikaenda shule.

Alikuwa darasa la saba, mimi la nne. Hakuacha shule rasmi. Alikuwa akienda kati ya msimu na msimu. Mbegu zikiwa ardhini haonekani, mahindi yakibeba haonekani. Jioni aliazima madaftari ya wenzake akayanakili, na kila aliporudi darasani alikuwa wa kwanza au wa pili, jambo lililowaudhi watoto wengine kuliko lilivyowafurahisha walimu. Jumamosi nilimpelekea chakula, na huko juu dunguni ndiko aliponifundisha kugawanya, kwa yale yale mawe ya kurushia. Nyani sita, mawe ishirini na manne, kila nyani atapata mangapi? Mwalimu wangu alikuwa ameshindwa muhula mzima kuniingiza jambo hilo kichwani.

Mwaka huo huo mwalimu mkuu alikuja nyumbani kumwona baba. Nilikuwa nachambua mchicha uani, nikasikia kila neno.

"Mzee, kijana huyu akifanya mtihani atachaguliwa. Sikuombi mwaka. Nakuomba siku mbili tu."

"Siku mbili nakupa, mwalimu," baba akasema. "Hata mimi nataka aende."

Baba hakudanganya. Alitaka. Nyumbani kwetu wote tulitaka, na kwa wiki kadhaa jambo hilo lilikuwa kama harusi inayokuja.

Kikwazo kilikuwa kwamba mtihani uliangukia baada tu ya kupanda vuli. Mbegu ikiwa changa ardhini ndipo nyani wanapoila kwa raha zao. Wanaufuata mstari, shimo baada ya shimo, wanafukua, wanakula, wanasogea. Tena mbegu zenyewe mwaka ule hazikuwa zetu. Za kwetu tulikuwa tumezila. Tulizopanda alitupa mwenye duka, mtu ambaye shamba lake lilipakana na letu, na mwanawe alisoma darasa moja na kaka.

"Kijana si yuko kule kule?" alimwambia baba alipoleta mbegu. "Aniangalizie na kwangu. Macho hayachoki."

Ikawa hivyo. Kaka aliamia mashamba mawili ili mtoto wa mwenye duka akae darasani. Sikuliona hivyo wakati ule. Niliona tumepata mbegu, nikashukuru kama wengine.

Siku ya kwanza ya mtihani, na ya pili pia, mama alitakiwa kwenye shamba la kijiji, na asiyefika alitozwa faini. Akabaki mtu mmoja, mimi. Mama alinivalisha kaptura ya kaka na koti la baba la msibani, akanifunga kitambaa kichwani, akasimama mbali kunikagua, akasema nimekuwa mwanamume kamili. Baba alicheka mpaka akashika mguu. Kaka alinifundisha kurusha jiwe bila kupinda kiwiko. Halafu yeye akaenda zake, shati limepasiwa, penseli mbili mfukoni, nami nikashika njia ya shamba.

Walikuja jua lilipoanza kuwaka. Nilipiga debe. Waliinua vichwa, wakasikiliza. Nilirusha jiwe, likaanguka karibu na miguu ya dungu. Dume lao likasogea mpaka katikati ya shamba, likakaa, likanitazama kwa makini, mimi na koti langu, kisha likainama na kuanza kufukua. Baada ya hapo hawakujishughulisha nami tena. Nilishuka kuwakimbiza, majike yalisogea pembeni kama watu wanaopisha baiskeli, na dume likanionyesha meno. Nilirudi juu. Nililia huko juu huku napiga debe, na waliposhiba mahindi yetu wakavuka kwenda kwa mwenye duka.

Jioni kaka alirudi akikimbia. "Rahisi!" alisema. "Kiswahili rahisi, maarifa rahisi. Na kesho hesabu." Hesabu ndiyo iliyokuwa yake. Alimshika baba mikono yote miwili, jambo ambalo mtoto wa kwetu hamfanyii baba yake, na baba akamwachia.

Mama alikuwa amepitia shamba akitoka kazini. Aliingia, akakaa chini mlangoni, akasema nusu imekwenda. Hakunilaumu. Hakuna aliyenilaumu, wakati ule wala baadaye.

Mwenye duka alifika kabla ya adhana ya magharibi. "Mzee mwenzangu, mlinzi wangu leo alikuwa wapi?"

"Alikuwa kwenye mtihani," baba akasema. "Chumba kimoja na mwanao."

"Hilo najua. Ila mimi nina mistari mizima imefukuliwa, na mbegu nyingine sina. Wala wewe huna. Kesho wakirudi, mtakula nini? Mimi nina duka. Wewe mwenzangu una nini?"

Nyani haoni kundule, lakini maneno yake yalikuwa kweli, na ndiyo maana nilimchukia sana. Mwenye kusema uongo angalau ungeweza kubishana naye. Mama alitazama chini. Kama baba angekuwa na miguu miwili, angekwenda yeye. Kama mama angekuwa na fedha za kulipa faini, na kama nyani wangemwogopa, angekwenda yeye. Kaka alituangalia mmoja mmoja, akaelewa kabla hajaambiwa.

"Nitakwenda mimi, baba," akasema. Akazitoa zile penseli mfukoni akanipa.

Kesho yake nyani hawakupata kitu. Aliwarushia mawe, nadhani, kama ambavyo hakuwahi kurusha. Mavuno ya vuli ile yalitufikisha salama hadi masika, na hilo nalo lazima lisemwe. Mtoto wa mwenye duka alichaguliwa. Kaka hakuchaguliwa, naye hakulitaja tena jambo hilo. Alioa mapema, akalima.

Mimi niliendelea kuhudhuria shule kila siku, kwa kuwa hapakuwa na kazi ya maana niliyoifaa. Nilifanya mtihani kwa penseli zile zile, nikachaguliwa kwenda sekondari ya wasichana. Kaka alinibebea sanduku la bati kichwani hadi lilipopita lori la korosho, akanipandisha, akaniambia nisijibizane na wakubwa. Baadaye nilisomea ualimu, nikapangiwa shule ya Kibaha.

Nilikuwa kwenye foleni ya sabuni, miaka ile sabuni ilipokuwa ikipotea, nilipoitwa na karani mmoja wa ofisi za pale. Alikuwa mtoto wa mwenye duka. Alinichangamkia sana.

"Mwalimu! Kaka hajambo? Yule bwana alinisaidia, usione hivi. Siku ya kwanza nilikaa nyuma yake, nikachungulia mpaka shingo ikaniuma. Siku ya pili nakuta kiti kitupu! Nikasema leo nimekwisha. Ikabidi nijitegemee."

Alicheka, na waliokuwa karibu wakacheka. Nilipata sabuni yangu nikaondoka. Nilitembea hadi nyumbani nimeifinya mkononi mpaka ikaingia alama za vidole.

Likizo nilimsimulia kaka, nikitegemea akasirike. Alicheka kuliko yule karani. Kisha, akiwa bado anapangusa macho, akaniuliza: "Hesabu za siku ile zilikuwaje?"

Shuleni kwetu karatasi za mitihani ya zamani zilihifadhiwa kwa mazoezi. Niliitafuta ya mwaka ule, na safari iliyofuata nikaenda nayo. Ilikuwa Jumapili. Nilimkuta shambani, na mama pembeni akimenya muhogo, na watoto wawili wa kaka, mvulana wa miaka tisa na binti wa saba. Kaka alipanda dunguni, akageuza debe, akaweka karatasi juu yake, akafanya hesabu zile zote kuanzia ya kwanza. Hatukumsemesha. Nyani walipolia mara moja msituni, mwanawe alikimbia kuwafukuza, kaka hakuinua kichwa.

Nilisahihisha pale pale. Alikosa zaidi ya nusu.

Aliitazama karatasi, akashusha pumzi kama mtu aliyetua mzigo. "Kumbe ningefeli hata hivyo," akasema.

"Mungu alijua," mama akasema, kwa furaha kabisa.

Hasira iliyonipanda sijawahi kuipata tena. Nilimwambia kaka kwamba karatasi ile imefanywa na mkulima aliyeshika jembe zaidi ya miaka kumi, si na mvulana aliyenifundisha kugawanya kwa mawe. Mvulana yule asingekosa hata moja.

"Mwalimu," akasema taratibu, na hakuwa amewahi kuniita hivyo, "niachie."

Nikamwachia. Lakini nilimwomba anipe mwanawe wa kiume. Nilisema nitaishi naye Kibaha, nitamsomesha mimi, asigharamie kitu. Alimtazama mtoto aliyekuwa anarudi kutoka ukingoni mwa shamba, kombeo shingoni, halafu akatazama mahindi.

"Mchukue huyu binti," akasema. "Huku hana kazi. Nyani hawamwogopi mtoto wa kike."

Niliomba mvulana, nikapewa msichana, na nilimpokea. Asubuhi tulipanda lori, nguo zake zimefungwa kwenye kanga ya bibi yake. Njia nzima aliniuliza maswali, na moja lilikuwa kama Kibaha kuna nyani. Nikamwambia hakuna.

Akafikiri kidogo. "Basi shangazi, angekuja kaka," akasema, "apumzike."