Dada Alijua

Kwa miaka tisa nilishona sare za shule katika chumba kimoja kwenye mtaa wa Gitega. Mwenye karakana nilimwita dada, ingawa hatukuzaliwa pamoja. Ndugu zangu wote wako Tanga, kwa hiyo siku ya ndoa yangu yeye ndiye aliyesimama upande wetu.

Tulikuwa wanawake wanne kwenye cherehani, na mimi ndiye niliyesifiwa kuliko wote. "Mtazameni mdogo wangu," aliwaambia wenzangu. "Akikaa, amekaa."

Nami nilikaa. Chakula cha mchana nilikila hapohapo, sahani mapajani. Maji nilikunywa kidogo ili nisiende msalani mara kwa mara.

Mwaka jana, shule zilipokaribia kufunguliwa, mguu wangu wa kushoto ulivimba hadi kiatu kikagoma kuingia. Dada akasema ni uchovu, nimalizie zile sketi kwanza. Nikamalizia. Siku ya tatu nikapanda kilima cha nyumbani nikitweta, kifua kinachoma, na mume wangu akanikimbiza hospitali.

"Damu imeganda mguuni, na kipande kimefika kwenye mapafu," daktari aliniambia. "Kazini unainuka mara ngapi kwa siku?"



Dada alikuja kuniona, akaketi kitandani, akaanza kunimenyea chungwa. "Utapona," alinituliza. "Hata mimi damu iliniganda, kabla hujaja kwangu. Daktari akanikataza kukaa zaidi ya saa moja bila kuinuka. Ndiyo maana nakata vitambaa nikiwa nimesimama."

Nilimtazama. "Mbona hukutuambia, dada?"

"Mngekuwa mnainuka-inuka, sare zingeisha lini?"

Alisema kwa upole kabisa, kama mtu anayeeleza bei ya uzi. Kisha akanipa kipande cha chungwa, nami nikakipokea, nikala. Hilo bado linaniudhi.

Sikurudi Gitega. Nilipopata nguvu niliwaita wenzangu watatu nyumbani Batsinda, nikawasimulia yote. Mmoja aliacha kazi, wawili wamebaki. Siku hizi nashonea nyumbani, na kila nikimaliza nguo moja natoka nje nizunguke nyumba. Jioni mguu bado unavimba.

Sikukuu ya Idi dada alinitumia salamu. Nilizisoma, sikujibu. Mume wangu ananisihi nimsamehe. Wanangu nao wananiuliza mama mkubwa atakuja lini, nami nawaambia ana kazi nyingi.