Msimu Tulipoacha Kuruka Ukuta

Timu yetu ilikuwa ya Kawangware kwa jina na ya Kibera kwa miguu. Uwanja ulikuwa Kawangware, jezi zilifuliwa Kawangware, na mwenye timu alikuwa mzee wa huko huko, mwenye nyumba za kupangisha na kipande kimoja cha shamba alichorithi kwa baba yake na ambacho alikuwa bado hajakijenga. Hicho kipande ndicho kilichokuwa uwanja. Wachezaji karibu wote tulitoka Kisumu Ndogo na Soweto West, vijiji vya Kibera. Tulikuja kwa miguu, tukipita Soko la Toi na kuvuka Barabara ya Ngong, viatu vikining'inia shingoni. Tulipewa posho baada ya kila mechi, kwa hiyo mtu akiuliza tulijiita wachezaji wa kulipwa, na hatukuona haya.

Mzee alianzisha timu wakati alipotaka udiwani. Kura hazikutosha, na timu ikabaki mikononi mwake kama ng'ombe aliyekauka maziwa. Alitulisha, lakini kwa kununa.

Mimi nilikuwa beki wa kati na nahodha. Siku za kazi nilikuwa mtu wa mkono kwenye mjengo, yule anayekoroga simiti na kupandisha mawe huku fundi akipiga mluzi. Kule hakuna aliyenijua kwa jina. Niliitwa "wewe", na nikichelewa, "wewe hapo". Jumamosi niliitwa kepteni. Hata mke wangu, aliyeuza omena, wale dagaa wa ziwani, hapo Kisumu Ndogo na hakuwahi kutazama mechi yetu hata moja, aliniita kepteni alipotaka kunicheka. Nilijua ananicheka, na bado nilipenda.

Msimu wa mvua za El Niño tulimaliza wa mwisho. Tuliponea kushushwa daraja kwa sababu tu timu nyingine ilivunjika na nafasi ikabaki wazi. Msimu mpya ulipokaribia, mzee alitukusanya kwenye nyasi, akiwa amevaa koti lake la kanisani ingawa haikuwa Jumapili.

"Mwaka huu mkikuwa wa mwisho tena, hii shamba najenga," alisema. "Nyumba zinalipa kila mwezi. Nyinyi mnanilipa nini?"

Jibu lilikuwa wazi. Nilirudi nyumbani nikiwa na hofu ya kweli. Sikuogopa kukosa posho. Posho ilikuwa ya sukari na mafuta ya taa. Niliogopa kwamba Jumamosi nayo ingekuwa siku ya kuitwa "wewe".

Sasa nieleze habari ya ukuta. Wakati huo, timu ikienda kucheza ugenini, haikupita kwenye lango la wenyeji. Kila mtu alijua langoni kumezikwa kitu. Ukipita juu yake miguu inakuwa mizito, mlinda mlango anaona mipira miwili badala ya mmoja, na kadhalika. Kwa hiyo tuliruka ukuta. Kama hakuna ukuta, tulipasua ua. Tulikuwa na mzee wa dawa kutoka Soweto West aliyetangulia mbele kuchagua mahali pa kurukia, na kwa vile mkono mtupu haulambwi, alipewa kuku wake kila mechi. Alichagua kuta ndefu. Sijui kwa nini dawa yake haikupenda kuta fupi.

Matokeo yake yalikuwa haya. Tulichelewa kila mahali, na refa alipuliza filimbi wakati baadhi yetu bado wako juu ya ukuta. Tulianza mechi bila kupasha miili joto, viganja vimechubuka, kaptura zimechanika. Mlinda mlango wetu, kijana mrefu aliyefanya kazi ya kuuza mitumba Toi, aliwahi kujikata mkono kwa chupa zilizopandwa juu ya ukuta na akadaka mechi nzima kwa mkono mmoja. Tulifungwa mengi siku hiyo. Njiani kurudi tulikubaliana kwamba tungepita langoni tungefungwa zaidi. Na mimi nilikuwa wa kwanza kukubali.

Mzee mwenye timu akatuletea kochi mpya, mwalimu wa shule ya msingi hapo Kawangware. Alikuwa ameokoka, hanywi, hatukani, na alikuwa na sauti ya mtu aliyezoea darasa la watoto themanini. Kitu cha kwanza alichofanya ni kumshukuru mzee wa dawa kwa utumishi wake na kumwambia aende nyumbani. Cha pili, alihamisha mazoezi kutoka jioni hadi alfajiri.

"Jioni mnakuja mkiwa maiti," alisema. "Mimi siwezi kufundisha maiti."

Ilikuwa kweli. Wengi wetu tulitoka mjengo au kusukuma mkokoteni, na jioni tulikuwa tunakimbia kwa heshima tu. Cha tatu ndicho kilichotuudhi. Alitaka turudishe mpira nyuma. Kwa mashabiki wetu, kurudisha mpira nyuma ni woga, na anayefanya hivyo hutajiwa mama yake. Mwalimu akasimama kando ya uwanja akiwaambia mashabiki, kama anawafundisha hesabu, kwamba mpira ukirudi nyuma haujapotea. Walimtajia mama yake pia. Hakugeuka.

Mechi ya kwanza ya ugenini tulifika mapema. Tulipoanza kuzunguka nyuma kutafuta ukuta, alisimama langoni na kufungua mikono kama anachunga mbuzi.

"Leo hakuna mtu anaruka. Hii ndiyo mlango."

"Mwalimu, unataka tufungwe kumi?" niliuliza. Nilikuwa nimekasirika, tena mbele ya wenzangu.

"Kwani mwaka jana mlifungwa ngapi mkiruka?"

Tulipita. Nilipita wa mwisho, nikikanyaga pembeni pembeni kama mtu anayevuka mtaro wa maji machafu. Tulifungwa bao moja tu, na lilikuwa bao safi, la mtu aliyejua kupiga. Ugenini hatukuwa tumewahi kufungwa bao moja tu. Mechi iliyofuata tulitoka sare. Kisha tukashinda nyumbani, na mashabiki waliomtajia Mwalimu mama yake wakataka kumbeba mabegani. Alikataa, akasema ana vitabu vya kusahihisha.

Sitasema tulikuwa timu kubwa. Tulikuwa timu ya kawaida iliyoanza kufika kwa wakati. Lakini haba na haba hujaza kibaba. Mimi mwenyewe nilijifunza kumwachia mlinda mlango mpira badala ya kuufyatua hadi barabarani, na mlinda mlango akajifunza kupiga kelele. Tulipata pointi hapa na pale, tukapoteza za kijinga, tukafungwa na timu ya chini yetu siku ya mvua. Mechi ya mwisho ilipokaribia, tulikuwa juu ya timu moja tu, na hao ndio tuliokuwa tukienda kucheza nao, kwao, Eastlands. Sare ingetutosha. Tukifungwa, wangetupita, na sisi tungekuwa wa mwisho tena.

Wiki hiyo nilikuwa sina kibarua. Alhamisi asubuhi nilisikia kuna lori linatafuta watu wa kushusha mawe Kawangware, nikaenda. Lori lilipiga kona mtaa ninaoujua, likapita duka ninalolijua, likaingia uwanjani kwetu.

Yalikuwa mawe ya kujengea, yale ya kuchongwa, mazito. Dereva alionyesha mahali pa kuyashusha, kando ya goli la upande wa chini. Mzee mwenye timu alikuwa amesimama hapo na msimamizi wake, mikono nyuma. Aliniona. Mimi pia nilimwona. Nilipanda juu ya lori kwa sababu nyumbani unga ulikuwa umeisha. Nilishusha mawe siku nzima. Nilikuwa na hasira hadi macho yalinitoka machozi, nikasingizia vumbi.

Jioni nilimwambia mke wangu.

"Ameshaleta mawe kabla mechi haijachezwa?" aliuliza.

"Ameleta."

"Na ni wewe umeyabeba."

"Ni mimi."

Aligeuza omena kwenye ungo kwa muda. Kisha akasema, bila kunicheka, "Basi kepteni, msifungwe."

Jumamosi tulifika Eastlands mapema. Uwanja wao ulizungushiwa ukuta mrefu na ulikuwa na lango moja la chuma. Mbele ya lango, katikati kabisa, ardhi ilikuwa imelowa maji, imenyunyizwa chumvi, na juu yake limewekwa yai kwenye kipande cha jani la mgomba. Wenyeji wachache walisimama ndani wakitutazama kwa raha. Walijua sifa yetu ya zamani ya kuruka.

Tukamtazama Mwalimu. Tulingoja afungue mikono kama siku zote. Lakini alisimama, akalitazama yai, akatazama ukuta, akalitazama yai tena. Nadhani aliomba. Kisha akasema kwa sauti ndogo ambayo sikuwahi kuisikia kwake, "Kwani hakuna njia ingine ya kuingia?"

Nilielewa. Mwaka mzima kupita langoni hakukuwa rahisi kwake kama tulivyodhani. Alikulia mitaa kama yetu, aliyasikia yote tuliyoyasikia, na siku nyingine zote akikosea ilibaki mechi nyingine ya kujirekebisha. Siku hiyo haikubaki. Sikumdharau hata kidogo, ila nilikasirika, maana nilikuwa nimeacha ukuta kwa ajili yake.

Mlinda mlango alishaanza kuangalia ukuta, akitafuta mahali pasipo na chupa.

"Hakuna mtu anaruka," nilisema.

"Kepteni, umeona hiyo kitu?" mlinda mlango aliuliza.

"Nimeona. Ni yai."

Niliogopa, tena sana. Lakini mabega yalikuwa bado yananiuma kutoka Alhamisi, na nikafikiri kwamba mtu aliyeyabeba mawe yale kwa mikono yake hawezi tena kutishwa na yai. Sikulikwepa. Nililikanyaga, nikalisikia likipasuka chini ya kiatu, nikaingia. Nyuma yangu wakaja wengine, na wa mwisho akawa Mwalimu.

Lilikuwa yai viza. Nilicheza mechi nzima nikinuka, na mshambuliaji wao aliniambia nikae mbali naye, jambo ambalo mshambuliaji hapaswi kumwomba beki anayemkaba. Walitufunga bao mapema, na wenzangu wote waligeuka kutazama kiatu changu. Nilitamani ardhi inimeze. Mwalimu alipiga kelele kutoka kando, na sasa ilikuwa sauti yake ya darasa: "Ni kona! Mmefungwa kwa kona! Mwenye alikuwa anamkaba ni nani?"

Nilikuwa mimi. Hapo ndipo timu ilipotulia, maana kila mtu alijua nilivyo mbovu kwenye kona, na hakukuwa na uchawi wowote ndani yake.

Kipindi cha pili tulirudisha mpira nyuma hadi mashabiki wao wakatuzomea. Tuliurudisha, tukauzungusha, tukaurudisha tena, na walipochoka kutufukuza, winga wetu alipita pembeni, akapiga krosi, na mpira ukamgonga beki wao ukaingia. Halikuwa bao la kuchorwa. Dakika za mwisho mlinda mlango wetu alidaka kwa mikono yote miwili, mizima, isiyo na kovu jipya hata moja, na refa akapuliza.

Hatukuwa wa mwisho. Tulikuwa juu ya timu moja, na tulirudi tukiimba kama wenye kombe. Watu wa Toi waliuliza tumechukua nini, na tukawaambia nafasi ya pili kutoka chini. Walitucheka hadi wakashika meza za mitumba. Sisi tuliendelea kuimba.

Kesho yake, baada ya kanisa, tulimngoja mzee uwanjani. Alikuja na koti lile lile. Alikuwa ameshasikia.

"Nilisema wa mwisho," alisema. "Hamkukuwa wa mwisho. Mimi ni mtu wa neno langu."

Wenzangu walipiga makofi. Mimi nilikuwa natazama kando ya goli la chini.

"Na mawe, Mzee?" niliuliza.

Alinitazama mimi peke yangu, mimi ambaye aliniona juu ya lori.

"Mawe haiozi," alisema, akaenda zake.

Hayakuondolewa. Msimu uliofuata mashabiki waliyapanga na kuyakalia, na tukawa timu pekee ya daraja letu yenye viti. Mwalimu alifurahi, akasema ni maendeleo. Watoto waliruka juu yake wakati wa mapumziko. Mimi kila nilipokaba upande ule niliyaona. Niliyajua kwa uzito, na nilijua ni nani angeitwa siku ya kuyainua.