Masale ya Shangazi Apolonia

Isale likikatwa wakati wa mvua hutoa harufu mbichi, nyembamba, inayokaribiana na ya tango lililotoka kupasuliwa, na harufu hiyo hubaki mikononi hata baada ya kunawa kwa sabuni ya mche. Ninaishi mtaa wa Pasua, mjini, miaka mingi sasa, nikiuza nyuzi, vifungo na zipu kwa mafundi cherehani, na huko chini vumbi na joto hufuta harufu nyingi. Lakini nikipanda nyumbani Kibosho wakati wa vuli na kumkuta mtu anapunguza masale mpakani, narudi mara moja kwenye mwaka ambao shangazi yangu Apolonia alitoka Dar es Salaam akapanda kitu kisichojulikana ni nini, na baba yangu akaapa kukiondoa kabla ya Krismasi. Kwa msomaji asiyetoka kwetu niseme kwamba isale ni mmea wa majani marefu ya kijani, shina lake jembamba, nao huota hata ukikatwa na kuchomekwa ardhini tu. Kwetu ndio unaosema shamba la mtu linaishia wapi. Hupandwa mipakani na makaburini, na jani lake likifungwa fundo na kupelekwa kwa uliyemkosea, huwa ni ombi la msamaha. Mtu hapandi isale kama anavyopanda ua la kupendezesha kibaraza. Kulipanda ni kusema neno mbele ya watu.

Shangazi ni mdogo wa baba, wamefuatana ziwa. Alishuka na sanduku moja, amevaa suruali, jambo ambalo Bibi alilitazama mara moja na kuamua kutolisema. Tulijua amesomea uchoraji, kwa hiyo tulisubiri achore. Bibi alitaka Bikira Maria wa sebuleni. Jirani mwenye duka aliomba mlima ukutani, theluji iwe nyingi. Shangazi alimchorea Bibi ng'ombe wake wa maziwa kwa penseli, akafanana mpaka pembe iliyovunjika, na Bibi akacheka hadi akakaa. Kisha shangazi akaweka penseli na kusema amemaliza habari ya kufananisha. Chini ya nyumba, kwenye mteremko unaoelekea mfereji, palikuwa na uwazi ambapo baba alikuwa ameng'oa mibuni mizee bei ilipoanguka. Jioni moja shangazi akamwambia, "Kaka, naomba ule uwazi wa chini." Baba alikuwa ameinamia ndoo ya maziwa. "Panda utakacho," alijibu bila kuinua uso. Alidhani ni mchicha.

Shangazi alianza kwa kutembea. Alikokota kijiti kwenye udongo mlaini, akachora mstari ulioanza karibu na mfereji, ukazunguka uwazi wote, ukaingia ndani ukazunguka tena, kila mzunguko mdogo kuliko uliopita, kama gamba la konokono, hadi ukakoma katikati mahali pasipo na kitu. Kisha akakata vipande vya masale kutoka mpaka wetu wa zamani, virefu kufika kiunoni, akaanza kuvichomeka juu ya ule mstari. Kazi yangu ilikuwa kubeba. Mvua ilinyesha, ikakatika, ikanyesha, na majani yaliyokatwa yalishika miguuni kama utepe. Siku ya pili nilimwuliza, "Shangazi, hii ni nini?"

"Masale."

"Masale nayajua. Nauliza yote kwa pamoja ni nini."

Alinitazama kama anayepima kitambaa. "Umeuliza vizuri. Endelea kuuliza, ila lete na vile vilivyobaki pale."

Njia ya kanisani inapita juu ya nyumba yetu, na kutoka pale uwazi wote ulionekana kama sahani iliyoinamishwa. Jumapili iliyofuata watu waliotoka Misa ya kwanza walisimama, mmoja mmoja, mpaka njia ikaziba. Mmoja akapaza sauti kwa utani usiokuwa utani: "Baba Severini, mmegawana lini, na wewe hukutuita hata kunywa mbege?" Baba alicheka, lakini masikio yake yalibadilika rangi. Kihamba chetu, yaani shamba la ukoo lenye migomba, kahawa na makaburi ya wazee, kilikuwa kimetoka kwa babu kwenda kwa baba, na kingekwenda kwa kaka zangu. Binti aliolewa, akaenda kwenye kihamba cha mumewe. Shangazi hakuwa ameolewa, na hakuna aliyejua mtu wa namna hiyo asimame wapi. Basi alipopanda masale katikati ya ardhi ya kaka yake, watu wakasoma kilichoandikwa: dada anadai sehemu yake.

Waligombana siku ileile jikoni, wakati mama anapondaponda ndizi na maharage kwenye sufuria. Baba hakupiga kelele. Aliuliza kama hakimu. "Kama ni picha, ni ya nini?"

"Si picha ya kitu, kaka."

"Basi kama haifanani na kitu, inafanana na kile ilicho. Ni mpaka. Watu wa hapa hawana macho ya Dar. Wanaona masale."

"Ndiyo maana nikatumia masale."

Mama alisema bila kugeuka kwamba aachwe, ana uchungu wake na ameutoa ardhini badala ya kuutoa mdomoni. Bibi naye alisema yeye anapenda tu inavyozunguka, huitazama akikamua na jicho lake halipati pa kukomea. Baba aliwasikiliza wote, kisha akatoa uamuzi. Krismasi ukoo mzima unapanda kutoka Dar, Arusha na kokote walikotawanyika. Hataki wamkute amegawanywa. Mstari utoke kabla. "Ukitoka," shangazi akasema, "na mimi nitatoka." Asubuhi nililiona sanduku lake limesogezwa kutoka chini ya kitanda hadi karibu na mlango. Sikutaka aende. Katika nyumba ile ni yeye peke yake aliyekuwa akilipokea swali langu bila kuniuliza kama nimemaliza kuosha vyombo.

Siku chache baadaye baba alishuka kwenye uwazi na jembe. Nilikuwa nimesimama mgombani na nikamwona akisimama mbele ya isale la kwanza, jembe begani, mvua ikimtiririka shingoni. Alisimama muda mrefu. Kisha akarudi na jembe lake likiwa safi. Nilipokuwa mtu mzima alinieleza kilichomkwamisha. Kama ule ni mpaka, mtu hang'oi masale ya mpakani bila wazee, hata kama yamepandwa kwake. Kama si mpaka, basi alikuwa anakwenda kupigana na majani. Akiyang'oa kwa hasira angekuwa amekubali mbele ya kijiji chote kwamba dada yake ana dai. Kwa hiyo aliita wazee wawili wa ukoo.

Mkubwa wao alikuwa Mzee Ladislaus, mtu aliyekwisha kuamua mipaka mingi na aliyependa taratibu kuliko mazungumzo. Tulimwamkia shikamoo, akaitikia huku macho yake yakiwa tayari kwenye uwazi. Taratibu yake ilikuwa kwamba kila mwenye shauri asimame upande wake na autembee mpaka kutoka mwanzo hadi mwisho, ili ionekane nani anapoteza nini. "Apolonia, upande wako ni upi?" Shangazi akajibu, "Sijui, baba. Nichagulie." Mzee akamweka baba upande wa ndani wa mstari na shangazi upande wa nje. "Tembeeni. Asiruke mtu."

Wakaanza pale mfereji, masale yakiwa kati yao, wakienda sambamba kama watu wasiosalimiana wanaotoka kanisa moja. Mzunguko wa kwanza ulikwenda vizuri. Katika mzunguko wa pili Mzee Ladislaus akanyanyua fimbo. "Apolonia, umeingia kwa kaka yako." Shangazi akasimama. "Sijaruka, baba." Na kweli hakuwa ameruka. Lakini udongo ulikuwa umelowa, na sote tuliona kwamba alikuwa anakanyaga nyayo ambazo baba alikuwa ameziacha muda mfupi kabla. Mzee akawarudisha mwanzo, akidhani kuna mtu amezembea. Walitembea tena, na nyayo zikaingiana zaidi. Mwishowe wakafika katikati, masale yakakoma, na wakajikuta wanatazamana bila kitu kati yao. "Umenizungusha, Apolonia," baba akasema. "Umezunguka mwenyewe, kaka," akajibiwa. Bibi, aliyekuwa ameketi juu ya ndoo iliyofunikwa, ndiye aliyecheka wa kwanza.

Mzee Ladislaus hakucheka. Alionekana kama fundi aliyepewa mlango usio na bawaba. "Nimeitwa kuamua mpaka," alisema, "na hapa hakuna mpaka. Ni kitu gani, mimi sijui, wala sikuitwa kwa hilo. Yaacheni, yameshashika." Kisha akaomba mbege yake. Sanduku la shangazi likarudi chini ya kitanda. Ukoo ulipopanda Krismasi, watoto walikimbia ndani ya mzunguko mpaka wakaanguka kwa kizunguzungu, na baba mdogo kutoka Dar alipouliza kwa dharau ni nini hiki, nilimsikia baba akimwambia, "Ingia utembee kwanza, halafu uniulize."

Vitabu vilinijia nikiwa mtu mzima, vya mtumba, navisoma dukani wateja wakipungua. Nilipofika kwenye vile vya falsafa ya sanaa nilishangaa kuona kwamba wasemaji wake nawafahamu. Yuko anayesema sanaa ni kufananisha, na huyo alikuwa baba na swali lake la picha ya nini. Yuko anayesema ni hisia iliyopewa mwili, na huyo nilimwacha jikoni na mwiko mkononi. Wanaosema tuache habari na maana, tutazame umbo lenyewe linavyolishika jicho, wangekaa vizuri karibu na Bibi akikamua. Sisemi kwamba watu wangu walikuwa wanafalsafa. Nasema kwamba kitu kigeni kikiwekwa katikati ya watu makini, maswali hayo huja yenyewe. Swali lililonichukua miaka mingi zaidi ni jingine. Masale ya mpaka wetu wa zamani na masale ya shangazi yalitoka kwenye mashina yaleyale. Ukichukua jani moja huku na jingine kule, hakuna jicho litakalokwambia lipi ni sanaa na lipi ni uzio. Vitabu vingine hujibu kwamba tofauti haimo kwenye kitu, imo katika watu wanaokizunguka na desturi yao ya kutazama. Nakubali kwa sehemu kubwa, kwa sababu kazi ile isingeweza kufanyika Dar. Kule ingekuwa bustani. Ilihitaji watu ambao wakiona isale wanashtuka.

Na hapo ndipo nililazimika kubadili nilivyokuwa nikifikiri. Kwa miaka mingi nilikisimulia kisa hiki kama kisa cha mtu aliyesoma kati ya watu wasiomwelewa. Sasa naona waliotoka Misa ya kwanza ndio watazamaji bora ambao shangazi amewahi kupata. Walisoma sawasawa. Alikuwa kweli anasema juu ya sehemu yake. Ila alikuwa ameisema kwa namna ambayo ukiifuata hadi mwisho huwezi kumfukuza mtu, wala kumnyang'anya, wala kujua nani yuko kwa nani. Baba alikosea jambo moja tu: alidhani anadaiwa, kumbe alikuwa anaulizwa. Nami namheshimu kwa sababu alilibeba swali lile hata baada ya kulikasirikia, na kila vuli aliyapunguza masale yale kwa mkono wake ili njia ya katikati isizibe.

Vuli iliyopita alituita, mimi na kaka zangu wawili, kihamba kipimwe kwa ajili ya hati. Amezeeka, anatembelea fimbo. Mpima alikuwa kijana mpole mwenye mashine ndogo ya kunasa setilaiti na mawe ya zege ya kuweka kwenye pembe. Kila kipande kilikuwa na mwenyewe mpaka alipofika kwenye uwazi wa chini, ambako masale sasa yamempita mtu urefu na ndani kuna giza la kijani. "Mzee, hapa niandike nani?" Kaka zangu walitazamana. Baba akasema, "Andika Apolonia." Kaka yangu Severini akauliza taratibu, "Shangazi, baba?" Baba akanyoosha fimbo kuelekea majani. "Alishapanda masale. Hamkuona?"

Nilimpigia shangazi simu palepale. Anaishi Dar bado, anafundisha watoto kuchora, na hupanda nyumbani kila Krismasi. Nilipomweleza, akasema, "Mwambie kaka ameniharibia kazi yangu. Sasa imekuwa mpaka." Alikuwa anacheka, na katikati ya kicheko nikamsikia akipenga kamasi.

Mpima alichimbia mawe yake manne, mraba kuzunguka konokono, na mawe yale hayanuki kitu. Kabla ya kushuka Pasua niliingia ndani ya mzunguko nikakata vipande vichache vya masale, virefu kufika kiunoni, harufu ikapanda kama siku zile. Nilipotoka baba alikuwa amesimama kwenye njia nyembamba inayopandia nyumbani. Aliniangalia mimi, akaviangalia vipande. "Hivyo unavipeleka kupanda wapi?"

"Bado nafikiri, baba."

Miaka ile alikuwa ameshuka hapa na jembe. Safari hii alitikisa kichwa kidogo, akaegemea fimbo yake, na kusogea pembeni ili nipite.