Karoti Mwitu ya Mpakani

Mwanangu, iko asubuhi moja ya palizi kule Sigino ambayo haijanitoka kichwani mpaka leo. Nilikuwa msichana wa darasa la saba, mvivu wa jembe kweli kweli, na baba alikuwa ameninunia tangu tulipotoka nyumbani.

Zamani hizo mashamba yetu hayakuwa na mawe ya mipaka. Wazee walipogawana ardhi waliacha ukanda mwembamba usiolimwa, nao ukajiotea karoti mwitu, yenye majani kama ya karoti ya sokoni na maua meupe madogo madogo yaliyokusanyika juu kama mwavuli. Kiangazi hukauka ukadhani imekufa, lakini mvua ikinyesha inachipua palepale, maana mzizi wake uko chini sana. Kupitisha jembe kwenye ukanda ule kulikuwa mwiko.

Jirani yetu, Mama Safari, alikuwa mjane. Tangu msimu uliotangulia alikuwa akilalamika kwamba plau ya baba imeumeza ukanda na kuingia shambani kwake. Baba, ambaye hasira zake hazikuwa mbali, alimwita mwongo mbele ya balozi wa nyumba kumi na majirani. Nao wakamwamini baba. Mwanamume mwenye ng'ombe wa kulimia husikilizwa upesi, hilo hata leo utaliona.

Basi asubuhi ile, ndani kabisa ya mahindi yetu, nikakuta karoti mwitu imechipua. Tena si shina moja, ni mstari mzima ulionyooka mpaka korongoni.

"Ng'oa hayo magugu," baba akasema.

Nikainama, nikasita. "Baba, si hii ndiyo ya mpakani?"

Baba akashika jembe aanze mwenyewe. Mama alikuwa amefika na uji, akautua chini, akasema taratibu, "Baba Paulina, magugu utayamaliza. Na huyu mtoto aliyekwisha kuyaona, utamwambia nini?"

Nilimwonea baba huruma, sikufichi. Aliweka jembe chini, akaenda kumwita balozi na Mama Safari. Walipofika hakuzunguka. "Mama Safari, wewe ulisema kweli. Mimi ndiye niliyeingia kwako. Mahindi haya ni yako."

Yule mama alilia kwanza. Halafu akasema, "Mahindi tutavuna wote, maana umeyatolea jasho. Ardhi waachie wanangu."

Baba alipofariki, wana wa Mama Safari ndio walioanza kuchimba kaburi, kabla hata ndugu zetu hawajashuka kwenye basi.

Sasa nasikia unajenga ukuta kwenye kiwanja chako cha Nakwa, na jirani yako ananung'unika. Nani ana haki mimi sijui. Nenda ukapime naye, wewe mwenyewe, kabla fundi hajachanganya zege. Ukikuta umezidi, sema wewe kwanza, na useme mbele ya wale wale uliombishia mbele yao. Utaona aibu, ndiyo, lakini utaivumilia. Na watoto wako wawepo wasikie, kwa sababu hicho kiwanja watarithi wao, na jirani huyo pia.

Mungu akubariki, mwanangu. Aibariki mikono inayojenga, na akujalie nyumba ambayo jirani akiipita atataka kupiga hodi.